Wharram Percy: Kijiji Kilichoachiwa Kondoo

Hili ni gofu la kanisa la Mtakatifu Martin, jengo pekee la Zama za Kati lililobaki wima katika kijiji hiki cha Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza. Tazama matao yaliyozibwa kwa mawe ukutani: waumini walipopungua, sehemu za pembeni zilibomolewa na kanisa likawa jembamba. Upande mmoja wa mnara uliporomoka mwaka 1959.

Matuta ya nyasi yaliyo juu ya bonde ni misingi ya nyumba za wakulima. Walilima nafaka kwenye ardhi ya chokaa na kuteka maji ya chemchemi hapa bondeni, palipokuwa na kinu.

Wengi hudhani tauni ya 1348–1349 ndiyo iliyokimaliza kijiji. La, iliwapunguza watu tu. Ni karibu mwaka 1500 ambapo mwenye ardhi alizihamisha familia za mwisho ili alishe kondoo, kwa kuwa sufu ilimlipa kuliko nafaka.

Kuanzia 1950 hadi 1990, mwanahistoria Maurice Beresford na mwanaakiolojia John Hurst walichimba mabaki ya kijiji hapa kila kiangazi.

Tafadhali usipande juu ya kuta.