Kakai Kilonzo: Gita la Ukambani lililovuka mipaka

Tangu katikati ya miaka ya 1970, bendi tatu zilitamba kuliko nyingine zote Ukambani: Les Kilimambogo Brothers ya Kakai Kilonzo, Kyanganga Boys ya Peter Mwambi, na Kalambya Boys ya Onesmus Musyoki na Joseph Mutaiti. 

Benga, mtindo wa gita uliopigwa na bendi hizo, ilitoka kwa Waluo, waliohamishia mapigo ya nyatiti, ala yao ya nyuzi, kwenye gita. Wakamba, waliokuwa na ngoma zao kama kilumi, waliipokea wakaifanya yao. Gita la solo lilipanda juu, likarudiarudia kifungu kifupi bila kuchoka, huku gita la pili likilijibu na besi ikisukuma mwendo.

Nyimbo zilitoka kwenye santuri ndogo za mizunguko 45. Kwa kuwa upande mmoja ulibeba dakika chache tu, wimbo ulikatwa vipande viwili. Mara nyingi upande wa kwanza ulisimulia kisa. Ukigeuza santuri, waimbaji wanapisha na magita yanashika usukani, wachezaji wanaingia uwanjani.

Kakai, aliyeipa bendi yake jina la mlima ulio karibu na Thika, aliimba Kikamba, lakini pia alitunga kwa Kiswahili. Uamuzi huo ndio uliomtofautisha. Mkenya asiyejua neno hata moja la Kikamba alielewa kisa, akacheza, akanunua santuri. Wakati huohuo gita lilibaki la Ukambani: Kakai alibadili lugha, hakubadili mdundo. Kundi la wanawake la Kalambya Sisters, kwa upande wake, lilifika hadi Ulaya bila kubadili lugha, kwa “Katelina”, wimbo wa Kikamba.

Kakai alifariki mwaka 1987, akiwa bado kijana. Kwangu mimi, anastahili kuhesabiwa miongoni mwa waliojenga muziki wa taifa la Kenya, wala si wa kabila moja.

Lakini heshima bila kumbukumbu haidumu. Santuri nyingi zilibeba jina la kiongozi na bendi tu. Waliopiga besi na gita la pili hawakuandikwa. Wewe uliye Kitui au Makueni, kama nyumbani kuna santuri za zamani, usizitupe. Na kama jirani yako aliwahi kupiga gita enzi hizo, muulize leo alipiga na nani, kisha uandike majina hayo.