Siku ya mtu kwa faranga 100

Mama muuza nyanya wa soko la Kimironko, Kigali, alinionyesha karatasi yake akiwa amesimama. Aliitoa kwenye mfuko wa plastiki alimokunja pia ripoti ya polisi na picha ya mkono ya hospitali. Pikipiki ilimgonga akivuka kutoka sokoni kwenda kituo cha mabasi, saa za jioni ambapo pale hakuna mwenye subira. Mkono wa kulia hauinuki tena kupita bega. Daktari alikuwa ameandika mstari mmoja: ulemavu wa kudumu, asilimia 12.

“Hii kumi na mbili,” aliniuliza, “ni kumi na mbili ya nini?”

Swali hilo lina historia ndefu Rwanda, na mtu wa kwanza kulijibu hakuwa Mnyarwanda. Kwa miaka mingi aliyeumizwa barabarani alitegemea kifungu cha 258 cha sheria ya Julai 30, 1888, iliyotungwa kwa ajili ya Kongo ya Mfalme Leopold II, kisha Wabelgiji wakaileta Rwanda. Kifungu kilisema kwamba anayemdhuru mwenzake kwa kosa lake sharti amlipe. Ni maneno ya haki kabisa, ila ilibidi majeruhi athibitishe kosa, na hata akishinda kesi, dereva mwenyewe mara nyingi hakuwa na kitu. Hukumu ilibaki karatasi ya kutunzwa sandukuni.

Majirani walikuwa wametangulia. Kenya na Tanganyika zililazimisha bima ya magari katika miaka ya 1940, kwa kufuata sheria za Uingereza. Ubelgiji yenyewe ilisubiri hadi 1956. Rwanda ilifika hapo Agosti 7, 1975, kwa sheria namba 32/75: kila chombo cha moto sharti kiwe na bima ya kuwalipa watu wengine kinaowadhuru. Mwaka huohuo ikazaliwa kampuni ya SONARWA, na mwaka 1984 ikafuata SORAS.

Basi mlipaji akapatikana, na ugomvi ukahama. Zamani watu walibishana nani mwenye kosa. Sasa wakabishana ni kiasi gani. Ndipo ikaja sheria namba 41/2001 ya Septemba 19, 2001, kuhusu fidia za walioumia mwilini kwa ajali za vyombo vya moto, na baada yake amri ya Rais namba 31/01 ya Agosti 25, 2003, iliyoweka kanuni za hesabu. Daktari anataja asilimia ya ulemavu, na asilimia hiyo inazidishwa kwa kipato cha majeruhi. Mwenye hati ya mshahara anapigiwa hesabu kwa mshahara wake. Asiye na hati anahesabiwa kwa mshahara wa kima cha chini.

Hapo ndipo penye jipu. Kima cha chini cha Rwanda kiliwekwa miongo mingi iliyopita kuwa faranga 100 kwa siku, na hakikupandishwa. Leo pesa hiyo pale sokoni ni bei ya andazi.

Tufanye hesabu ya kienyeji, tukiacha vipengele vingine vya kanuni. Faranga 100 kwa siku 365 ni 36,500. Asilimia 12 yake ni 4,380 kwa mwaka mzima, kwa mkono uliokuwa ukibeba beseni kila asubuhi. Kampuni ya bima inayolipa hivyo haivunji sheria, inafuata kilichoandikwa. Lakini soko la Kimironko limejaa watu wa namna hii: wabeba mizigo, washona nguo, wauza ndizi, hata waendesha pikipiki wenyewe. Wanalipwa mkononi, jioni pesa imeshakuwa chakula, na hakuna karatasi inayoonyesha kwamba walifanya kazi. Kuwahesabia andazi moja kwa siku ni kusema kazi yao haikuwahi kuwepo. Mimi siwezi kulikubali hilo.

Mawakili hawakulikubali pia, wala majaji wengi. Katika hukumu za miaka ya karibuni mahakama zimeiacha ile faranga 100 na kushika faranga 3,000 kwa siku kwa asiyeweza kuthibitisha kipato. Kwa hesabu ileile, 4,380 ya mama wa nyanya inakuwa 131,400. Kampuni nazo zinalalamika kuwa fidia zinapanda, hasa za pikipiki, na ada ya bima ikipanda mzigo unamrudia mwendesha pikipiki. Januari 2022 waendesha pikipiki wa Kigali waligoma, na gharama ya bima ilikuwa miongoni mwa malalamiko yao. Kuhusu kima cha chini chenyewe, sheria ya kazi ya 2018 ilimwachia waziri atangaze kipya; miaka ikapita bila tangazo hilo.

Aliyegongwa na chombo kilichokimbia au kisicho na bima hakuachwa mikono mitupu. Upo mfuko maalumu wa dhamana, ambao tangu sheria namba 52/2011 unawalipa hata walioumizwa na nyati au tembo waliotoka hifadhini.

Nilipommalizia hesabu zote mbili, mama alizirudia kwa sauti, polepole. Kisha akatoa mfukoni karatasi nyingine ambayo hakuwa amenionyesha: makubaliano ya kumaliza shauri nje ya mahakama, yakiwa na nafasi tupu ya sahihi chini. Alipopewa aliulizwa kama ana kalamu, akajibu kwamba hakuwa nayo siku hiyo. Akaikunja, akairudisha, akainua beseni kwa mkono wa kushoto.