Waitikiaji wa Kapkatet

Panda matatu ya Kericho hapo Nakuru, na kabla hamjafika Salgaa dereva atakuwa ameshawawekea Jim Reeves au Don Williams. Mama aliyekaa nyuma na mfuko wake wa viazi ataitikia sauti ya pili bila kukosea hata mahali pamoja. Watu husema mapenzi haya ya muziki wa kantri yaliletwa na redio. Redio ilichangia sana, lakini ukoo wa kantri katika Bonde la Ufa una shina kongwe zaidi, na liko kwenye barabara hiyohiyo, ukishapita Kericho na Litein: Kapkatet.

Babu wa ukoo huu ni mwimbaji Jimmie Rodgers, mzaliwa wa Mississippi mwaka 1897, mfanyakazi wa breki za treni aliyeacha reli kwa sababu ya kifua kikuu. Alirekodi kwa mara ya kwanza Agosti 1927 mjini Bristol, Marekani, siku chache tu baada ya Carter Family, jamaa waliopatanisha sauti za nyumbani na nyimbo za kanisani. Mei 1933, akirekodi New York, alikuwa dhaifu kiasi kwamba aliwekewa kitanda karibu ili apumzike kati ya wimbo na wimbo. Alikufa siku mbili baada ya kumaliza, akiwa na miaka 35. Afrika hakuwahi kuikanyaga.

Santuri zake ndizo zilizofika, pamoja na gramafoni, hadi kwa Wakipsigis, jamii ya Kikalenjin. Mwaka 1950 Hugh Tracey, aliyekuwa akizunguka Afrika na mitambo ya kunasia sauti, alifika Kapkatet na kukuta jina la Rodgers limeshakuwa la nyumbani: Chemirocha. Alirekodi nyimbo tatu zenye jina hilo. Ile inayopendwa zaidi iliongozwa na Chemutoi Ketienya, akiitikiwa na wasichana wenzake juu ya nyuzi za kinubi cha Kikipsigis. Kwao Chemirocha alikuwa kiumbe wa ajabu, nusu mtu nusu paa, na walimwalika acheze kwa nguvu mpaka kaptura imdondoke.

Sikiliza namna wanavyoitikia. Kiongozi hatoi zaidi ya kipande kifupi, nao wanakipokea kwa pumzi moja, sauti laini, kila duru ikirudi palepale bila haraka. Hawamwigi Rodgers hata kidogo. Wamechukua jina na sifa zake, wakavitia ndani ya uimbaji wao wenyewe. Ndiyo maana sikubali kantri ya kwetu iitwe kasumba: kazi ya kuifanya yetu ilianza mapema, na walioifanya ni wasichana.

Baada yao mambo yalikwenda kasi. Kericho ikapata duka la santuri la Chandarana, lililorekodi pia, na magitaa ya Kikalenjin yakasikika mbali. Kipchamba arap Tapotuk na Koilegen Band ndilo jina la kwanza ambalo wazee watakutajia. Jim Reeves, aliyekufa kwa ajali ya ndege Julai 1964, aliacha pia nyimbo za dini, hivyo hata nyumba zisizopenda muziki wa dunia zilipiga nyimbo zake Jumapili asubuhi. Kwaya za makanisa, zenye soprano, alto, teno na besi, zilikuwa zimeshawafunza watu kusikia sauti ya pili. Nairobi ikamtoa mwimbaji wa kantri Elvis Otieno, maarufu kama Sir Elvis.

Zaidi ya miaka sitini baada ya Tracey, rekodi zake zilirudishwa Kapkatet na maktaba ya muziki aliyoianzisha Afrika Kusini, ikishirikiana na Ketebul Music ya Nairobi. Hilo lilikuwa jambo la haki. Hata hivyo, katika rekodi ile ya Chemirocha jina la Chemutoi ndilo linalotangulia, na walioitikia wanaitwa wasichana wa Kikipsigis, basi. Desturi hiyo haijakoma: mwimbaji hutajwa kwa herufi kubwa, na walioibeba sauti yake hubaki kuwa "wenzake".

Kwa hiyo, ninyi wenye studio za Nakuru, Molo na Kericho, mnapotoa wimbo mpya andikeni majina ya waitikiaji wote, mmoja baada ya mwingine, pamoja na kijiji anakotoka kila mmoja.