Sheria ya mila na koo za Waszekely

Waszekely ni jamii ya wasemaji wa Kihungaria wa mashariki ya Transylvania, leo sehemu ya Romania. Katika Zama za Kati walilinda mpaka wa Ufalme wa Hungaria, na kwa huduma hiyo ya kijeshi walihesabiwa huru.

Walijigawa katika koo sita: Adorján, Megyes, Jenő, Halom, Örlőc na Ábrán. Kila ukoo ulikuwa na matawi manne, yaani 24 kwa jumla. Ukapteni wa vita na uamuzi wa mashauri vilizunguka kwa zamu miongoni mwa koo na matawi hayo, hata haki ya kushika zamu ikawa mali inayorithiwa. István Werbőczy aliutaja mgawanyo huo katika kitabu chake cha sheria, Tripartitum, cha mwaka 1517.

Ardhi ndiyo iliyowatofautisha zaidi. Kwa kabaila wa Kihungaria, shamba lililokosa mrithi au la mhaini lilirudi kwa mfalme. La Mszekely lilibaki kwa ndugu. Pasipo mwana wa kiume, binti alirithi kama mwana. Badala ya kodi ya kawaida Waszekely walitoa ng'ombe dume, waliopigwa chapa, mfalme alipotawazwa, alipooa au alipopata mwana.

Mila hizo ziliandikwa katika mji wa Udvarhely mwaka 1555. Miaka saba baadaye Waszekely waliasi, wakashindwa, na wengi wao wakapoteza uhuru.