Kinga ya Sauti: Kisa cha "Th" katika Lugha za Tolkien

Mdomo huponza kichwa, walisema wahenga, na ushahidi wa kauli hiyo umo katika Kitabu cha Waamuzi, mlango wa 12. Wagileadi walivishika vivuko vya Yordani, na kila aliyetaka kuvuka alitakiwa atamke neno moja: Shibolethi. Aliyetamka Sibolethi alijulikana kuwa Mwefraimu, akauawa papo hapo. Kitabu kinataja waliouawa kuwa 42,000. Sauti moja tu, ngao kwa huyu na upanga kwa yule.

Mtu mmoja aliyelifikiri jambo hilo kwa muda mrefu ni J.R.R. Tolkien, mwanachuoni wa Kiingereza cha kale, aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892, na kufundisha Oxford tangu 1925 hadi 1959. Walimwengu wanamjua kwa riwaya yake ya The Lord of the Rings, iliyotoka mwaka 1954 na 1955. Lakini mwenyewe alishikilia kwamba lugha ndizo zilizotangulia, na hadithi zikafuata ili lugha hizo zipate watu wa kuzisema na nchi ya kukaa. Kamusi ya lugha yake ya Quenya aliianza mwaka 1915, kabla ya kupelekwa vitani Ufaransa, na ladha yake aliichota katika Kifini. Ile ya pili, Sindarin, aliifinyanga kwa sauti za Kiwelisi. Wasemaji wake wote wawili ni Waelfi, watu wa hadithini wasiozeeka.

Katika riwaya hiyo, maneno ya Sindarin hayapambi tu, yanalinda. Jina kuu la kinga ni Elbereth, Malkia wa Nyota, na lakabu yake ni Gilthoniel, Mwasha Nyota. Frodo, aliyeubeba mzigo wa pete, anapovamiwa usiku na wapanda farasi weusi kilimani, analiita jina hilo huku akipiga kwa kisu. Baadaye mwenzake Aragorn anaeleza kuwa jina lilimuumiza adui kuliko chuma. Sam, mtunza bustani aliyefuatana na Frodo, anapokabiliana na buibui mkubwa gizani, ulimi wake unafunguka kwa maombi ya lugha asiyoijua. Hakufundishwa maneno hayo, wala hajui maana yake neno kwa neno; hata hivyo yanamwinua. Na kinyume chake kipo pia. Gandalf alipoyasoma maneno ya pete katika Lugha Nyeusi, barazani pa Rivendell, Waelfi waliziba masikio, na kivuli kikapita juu ya jua. Katika riwaya hiyo, sauti ina maadili yake kabla haijapata maana.

Mshairi wa Kiswahili hatashangazwa na wazo hilo. Lakini Tolkien hakuishia hapo. Mnamo mwaka 1968, au baadaye kidogo, alipokuwa amepindukia miaka 75, aliandika makala ndefu kuhusu sauti moja: th, ile ya thawabu na thelathini. Makala hiyo ilichapishwa mwaka 1996, miaka 23 baada ya kufa kwake, kwa uhariri wa mwanawe Christopher, na jina lake limechukuliwa katika kisa kilekile cha Yordani: Shibolethi ya Fëanor.

Kisa chenyewe ni cha nyumba moja. Míriel, mshona nakshi asiye na mfano, aliitwa Therindë, yaani mwenye sindano. Alimzaa Fëanor, akaishiwa nguvu, akaiacha dunia. Mumewe, mfalme Finwë, akaoa mke wa pili, Indis. Wakati huo kabila la Noldor lilikuwa linaiacha th na kusema s mahali pake, kwa hiyo jina la marehemu likawa Serindë. Indis naye akafuata desturi ya watu wa mumewe. Fëanor akaliona hilo kuwa tusi kwa mama yake. Aliishika th kama mtu anavyoushika urithi wa yatima, akawafundisha wanawe waishike, na kila aliyesema s akamhesabu kuwa hasimu. Tofauti ndogo ya ulimi ikawa alama ya upande, na upande ukawa ufa katika ukoo.

Mwandishi mwenyewe alimpoteza mama yake, Mabel, mwaka 1904, akiwa na umri wa miaka 12. Ndiye aliyemfundisha Kilatini na kumwonjesha utamu wa maneno. Si lazima kudai kwamba Míriel ni Mabel. Yatosha kusema kuwa mzee aliyeiandika makala ile alijua thamani ya jina la mama likitamkwa sawasawa.

Hapa ndipo fumbo linapojitatua. Elbereth na Gilthoniel, majina mawili ya kinga, yote yana th ndani yake. Sauti ileile iliyoigawa nyumba ya Finwë ndiyo inayomwokoa Sam gizani. Kilichobadilika ni matumizi yake. Fëanor aliifanya kipimo cha kuwapimia wengine, na kipimo kikamgeukia. Sam aliipokea kama mgeni apokeavyo maji ya kunywa, bila kuulizwa kabila wala ukoo.

Funzo hilo lina mahali pake pwani na visiwani, ambako th na dh zilizoletwa na maneno ya Kiarabu zimetunzwa kwa wivu, na msemaji wa bara asemaye samani kwa thamani, au zambi kwa dhambi, huchekwa kabla hajamaliza sentensi. Kuitunza sauti ni wajibu. Mashairi yenye vina hayasimami bila usahihi wa ulimi, na jina la marehemu lina haki ya kutamkwa kama alivyolitamka mwenyewe. Lakini lugha haina budi kuchagua inataka kuwa nini kwa anayeikaribia: kivuko chenye walinzi wenye panga, au nuru inayoweza kukopeshwa hata kwa mtu asiyejua maana yake.