Meli Isipofika: Kanisa la Nchi ya Barafu na Kanisa la Rungwe





Ifikapo miezi ya Juni na Julai, ukungu uteremkapo kutoka Mlima Rungwe na kuifunika migomba na mashamba ya chai, watu wetu wa Masukulu hukaa karibu na moto na kusema kwamba hakuna baridi kama hii duniani. Juma hili twawaalika mwende pamoja nasi kwa fikra hadi kaskazini ya mbali, katika nchi ambazo bahari yenyewe huganda ikawa njia ya kupita kwa miguu, na jua la majira ya baridi huonekana kwa saa chache tu au lisionekane kabisa. Huenda mmoja akauliza: Padre, nchi hizo zatuhusu nini sisi wa Rungwe? Zatuhusu kuliko tunavyodhani.

Mwaka 1891 wamisionari wanne wa Kanisa la Moravian walifika katika nchi ya Wanyakyusa, nao wakaanzisha kituo chini ya Mlima Rungwe. Mwaka huo huo Walutheri wa Misioni ya Berlin nao waliingia katika nchi hii. Sisi Wakatoliki tulichelewa. Ni mwaka 1932 tu ndipo Roma ilipounda eneo la kimisioni lililopewa jina la Tukuyu, ambalo mwaka 1953 lilikuwa Jimbo la Mbeya, na mwaka 2018 Jimbo Kuu. Kwa hiyo yeyote anayetaka kuelewa mwanzo wa Ukristo hapa kwetu hana budi kuwasoma jirani zetu Wamoravian. Na anayewasoma hukuta jambo la kushangaza: kabla ya kuiona migomba ya Rungwe, Kanisa hilo lilikuwa limekwisha kukaa katika barafu kwa muda wa miaka 158.

Chimbuko lake ni kijiji cha Herrnhut, huko Saksonia katika Ujerumani, ambako wakimbizi wa dini kutoka Moravia walipewa ardhi mwaka 1722 na Kabaila Zinzendorf. Kijiji kilikuwa kidogo, na watu wake wengi walikuwa mafundi. Lakini mwaka 1733 walituma watu watatu kwenda Greenland: Matthäus Stach, binamu yake Christian Stach, na seremala Christian David. Walijenga nyumba karibu na mahali paitwapo leo Nuuk, wakapaita Neu-Herrnhut. Hawakujua lugha ya Wainuit, hawakujua kuwinda sili, wala kuendesha mtumbwi wa ngozi ambao wenyeji waliutawala kwa ustadi wa ajabu. Twaonavyo sisi, nchi hiyo haikuwa nyika kwa Wainuit. Ilikuwa shamba lao na ghala lao. Sili aliwapa nyama, mafuta ya taa, mavazi na ngozi ya kuwambia mtumbwi. Aliyekuwa mjinga pale alikuwa mgeni.

Mwaka huo huo ndui iliingia Greenland kwa mtoto wa Kiinuit aliyerudishwa kutoka Denmark. Inakadiriwa kwamba watu kati ya 2,000 na 3,000 walikufa katika eneo hilo. Mchungaji Hans Egede, Mlutheri aliyekuwapo tangu 1721, pamoja na mkewe Gertrud Rask, waliwauguza wagonjwa ndani ya nyumba yao wenyewe. Mama huyo alikufa mwaka 1735. Wamoravian walikaa miaka mitano bila kumpata hata mwongofu mmoja. Ndipo mwaka 1738 Mwinuit aitwaye Kajarnak aliposikia habari ya Bwana wetu katika bustani ya Gethsemane, akaguswa, akaomba asimuliwe tena. Alibatizwa Pasaka ya mwaka 1739 pamoja na mkewe na watoto wao wawili.

Lakini huyo Hans Egede alikwenda Greenland kutafuta nini? Hapa historia yatugusa sisi Wakatoliki wenyewe, na twaomba mtuvumilie tukikaa kidogo. Egede hakwenda kwanza kwa ajili ya Wainuit. Alikwenda kuwatafuta Wakristo waliopotea.

Watu wa asili ya Norway na Iceland walikuwa wamehamia kusini mwa Greenland kabla kidogo ya mwaka 1000. Walifuga ng'ombe na kondoo, na kuwinda mnyama wa baharini aitwaye walrus, ambaye meno yake marefu yaliuzwa Ulaya kama pembe za ndovu. Mwaka 1124 Arnaldur aliwekwa wakfu kuwa askofu wao, na makao yake yakawa Garðar, katika kanisa kuu la Mtakatifu Nikolao. Ndiyo, wapendwa: pembezoni mwa barafu palikuwa na jimbo katoliki, lenye askofu, mapadre na zaka. Zaka hiyo ililipwa pia kwa meno ya walrus. Mwaka 1926 wachimbaji wa mambo ya kale walifukua kaburi la askofu mmoja ndani ya kanisa hilo, wakamkuta na pete yake ya dhahabu na fimbo yake ya kichungaji, ambayo kichwa chake kilichongwa kwa jino la mnyama yule yule.

Askofu wa mwisho kuishi Garðar, Álfur, alifariki mwaka 1378 au karibu na hapo. Baada yake maaskofu waliteuliwa kwa jina, lakini hawakufika. Biashara ya meno ilipungua, hali ya hewa ikazidi kuwa baridi, na meli kutoka Norway zikawa chache, kisha zikakoma. Habari ya mwisho ya hakika tuliyo nayo ni ndoa. Mnamo Septemba 1408, katika kanisa la Hvalsey, Þorsteinn Ólafsson alimwoa Sigríður Björnsdóttir, na hati ya mapadre wa Garðar yashuhudia kwamba matangazo yao yalisomwa Jumapili tatu. Sisi tunaosoma matangazo ya ndoa kila Jumapili, huku watu wakikohoa na kutazama saa, tuliposoma habari hiyo tulinyamaza kitambo.

Kisha ni kimya. Katika mwaka wa kwanza wa upapa wake, 1492 hadi 1493, Papa Aleksanda VI aliandika barua juu ya Garðar, kwa kuwa Mbenediktini mmoja aitwaye Mathias alikuwa amejitolea kwenda huko kuwa askofu. Barua yasema kwamba kwa miaka 80 hivi hakuna meli iliyofika. Kwamba watu huishi kwa samaki wakavu na maziwa kwa kukosa mkate, divai na mafuta. Kwamba wengi wameiacha imani. Na kwamba waliobaki hawana kitu kitakatifu ila korporale moja, kile kitambaa cha altareni, ambacho huonyeshwa mara moja kwa mwaka, kwa sababu juu yake padre wa mwisho aliukonsekra Mwili wa Kristo miaka mia moja iliyopita. Hesabu ya miaka hailingani vema na ile ndoa ya 1408, kwani habari zilizofika Roma zilikuwa zimepita midomo mingi. Hata hivyo Papa aliamini kwamba hali ni hiyo. Hakuna dalili kwamba Mathias alifika. Egede alipokuja mwaka 1721 alikuta magofu ya makanisa, wala hakumkuta Mkristo hata mmoja wa ukoo ule.

Turudi kwa Wamoravian. Kutoka Greenland walivuka hadi pwani ya Labrador, iliyo leo sehemu ya Kanada, wakaanzisha Nain mwaka 1771, Okak 1776, Hopedale 1782 na Hebron 1830. Kila mwaka meli moja iliwafikia kutoka London, ikileta unga, risasi, barua na wamisionari, na kuondoka na manyoya na mafuta. Kwa vizazi vingi meli hizo ziliitwa Harmony, jina likirithiwa na kila meli mpya. Maisha ya pwani yote yaliisubiri.

Lakini wamisionari hao walifanya jambo ambalo jimbo la Garðar halikuwahi kufanya kwa Wainuit: waliwafundisha watu kusoma na kuandika kwa lugha yao wenyewe. Tunda lake mojawapo ni Abraham wa Hebron. Alikuwa mlei Mkristo, mpiga fidla, baba wa watoto wawili. Mwaka 1880, akiwa na madeni na shauku ya kuiona Ulaya, alikubali kwenda pamoja na mkewe Ulrike na wengine sita kuonyeshwa kwa watu katika maonyesho ya Carl Hagenbeck wa Hamburg. Wamisionari walimsihi asiende. Walipitishwa Berlin, Praha na kwingineko, wakitazamwa kama wanyama uani, naye akaandika kila jambo katika daftari yake: umati ulivyowasonga, sala zake za kila siku, hamu yake ya kurudi nyumbani. Hawakuwa wamechanjwa ndui. Wa kwanza wao alikufa Desemba 1880. Kufikia katikati ya Januari 1881, huko Paris, wote wanane walikuwa wamekufa. Maneno ya Abraham yametufikia kwa tafsiri ya Kijerumani. Historia za safari za kaskazini zimejaa mabaharia wa Ulaya waliokwama barafuni; ni haki huyu naye ahesabiwe kati ya wasafiri.

Mnamo mwaka 1918 meli ile ile ya kila mwaka, iliyoleta unga, ilileta homa kali ya mafua iliyokuwa ikizunguka dunia yote. Huko Okak walikufa zaidi ya watu 200 kati ya takriban 260. Waliosalia walizichoma nyumba na kuhama, na kijiji hakikujengwa tena. Homa hiyo ilifika Tanganyika pia.

Na hapa kwetu? Mwezi Mei 1916, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, Waingereza waliiteka Tukuyu, iliyoitwa na Wajerumani Neu-Langenburg. Wamisionari Wajerumani, Wamoravian na Walutheri, walikamatwa na kuondolewa. Katika vilima hivi vya Rungwe meli ilikuwa imekoma, kama ilivyokoma Greenland. Waskoti wa Livingstonia walisaidia kwa kuyatembelea makanisa hayo, lakini walikuwa wachache na walitoka mbali. Kazi ya kila siku ilibaki kwa walimu na wazee wa kanisa wa Kinyakyusa, ambao Ukristo wao ulikuwa haujafikisha hata miaka 20. Agano Jipya lilikuwa limekwisha kutafsiriwa kwa lugha yao. Walisali, walifundisha watoto, waliwazika wafu wao, hata Wajerumani waliporudi katika miaka ya 1920 na kulikuta Kanisa likiwa hai.

Hatusemi kwamba watu wa Garðar walikuwa na imani haba. Baridi, njaa na kuvunjika kwa biashara vingeweza kuwaangusha watu wa imani yoyote, na yamkini wengi wao walihama tu. Tena korporale ile yatupa heshima kubwa kwao: watu waliosimama mbele ya kitambaa kitupu mara moja kwa mwaka walijua wamepoteza nini, na pengine walikijua kuliko sisi tulio na Misa karibu. Lakini ukiweka mambo haya mawili bega kwa bega utaona tofauti. Kule, alipokufa padre, hakubaki aliyepewa wajibu wa kufundisha. Hapa alibaki mwalimu mwenye kitabu cha lugha ya mama yake.

Twaandika haya kwa sababu katika kikao cha hivi karibuni lilitolewa shauri kwamba vigango vilivyo mbali, ambavyo wakati wa masika padre hawezi kuvifikia kwa majuma kadhaa, vifungwe na waamini waje hapa parokiani, na posho ya makatekista wake iokolewe. Walioleta shauri hilo ni watu wema, na barabara zetu twazijua. Halmashauri ya Walei italijadili Jumapili ya pili ya mwezi ujao, mara baada ya Misa ya pili. Makatekista wote wa vigango wamealikwa nao waseme.