Bao la Unguja na Mabingwa Wasioandikwa

Bao linalochezwa jioni katika baraza za Mwanakwerekwe, mtaa wa Unguja ulio nje kidogo ya mji mkongwe, penye soko kubwa na barabara iendayo Fuoni na mashamba, ni bao la Kiswahili, yaani mchezo wa safu nne zenye mashimo manane manane na kete 64, ambao wajuzi wa michezo ya dunia huuweka daraja moja na sataranji kwa ugumu wa hesabu zake. Daraja hiyo ni haki yake. Lakini historia ya michezo hii miwili haikupata bahati sawa, kwani sataranji iliandikwa tangu zamani, mchezo kwa mchezo na bingwa kwa bingwa, hali bao lilirithishwa kwa macho na mikono, na kila bingwa alipozikwa, sehemu kubwa ya ujuzi wake ilizikwa naye.

Sataranji ilianzia Bara Hindi, ikapita Uajemi, kisha ikaenea katika dola ya Kiislamu, na huko Baghdad, katika karne ya 10, as-Suli, mwandishi aliyekuwa karibu na makhalifa wa Bani Abbas, alipata sifa ya kuwa mchezaji asiye na mfano. Sifa hiyo haikubaki maneno matupu, kwa sababu as-Suli aliandika juu ya mchezo wenyewe, na fumbo moja aliloliacha, ambalo wapenzi wa sataranji huliita almasi ya as-Suli, liliwasumbua watu kwa zaidi ya miaka elfu moja mpaka Yuri Averbakh, bingwa wa Urusi, alipolifumbua katika miaka ya 1980. Vivyo hivyo padri wa Kihispania Ruy López alitoa kitabu mwaka 1561, na ufunguzi, yaani mpango wa hatua za mwanzo za mchezo, unaobeba jina lake ungali unachezwa na mabingwa wa leo.

Bao si mchezo mchanga mbele ya hayo. Mfaransa Étienne de Flacourt alikwisha kuutaja mchezo wa jamii hii katika kitabu chake kuhusu Madagascar kilichotoka mwaka 1658, na Muyaka bin Haji, malenga wa Mombasa aliyefariki mwaka 1840, alilitungia bao shairi, jambo linaloonyesha kwamba wasikilizaji wake waliujua mchezo vizuri kiasi cha kuelewa mafumbo yake. Ndugu zake wametapakaa: Waganda wana omweso, wenye mashimo 32 na kete 64 kama bao, na Oman, nchi iliyofungamana na Unguja kwa biashara, utawala na damu, ina hawalis, wenye safu nne za mashimo saba saba. Hata hivyo la Kiswahili limewapita ndugu zake wengi kwa wingi wa kanuni, na aliyezoea mingine hujikuta mwanafunzi akiketi mbele yake.

Mahali pa kuuona undani huo ni mwanzoni kabisa mwa mchezo. Kila mchezaji ana safu mbili, ya mbele inayokabiliana na ya mwenzake, na ya nyuma iliyo karibu na kifua chake. Shimo la tano la safu ya mbele, kwa kuhesabu kutoka kushoto kwake, huchongwa mraba na kuitwa nyumba, na mashimo ya pembeni kabisa huitwa kichwa, kimoja kulia na kimoja kushoto. Bao likipangwa, nyumba hutiwa kete 6, na mashimo mawili yaliyo kuliani kwa nyumba hutiwa kete 2 kila moja, hivyo kete 10 huwamo ubaoni na 22 hubaki akiba, zikiingizwa moja moja kwa zamu katika awamu iitwayo namua. Mwenye zamu huitia kete yake katika shimo la mbele ambalo tayari lina kete, na ikiwa shimo la mpinzani linalolikabili nalo lina kete, huzila zote na kuzisambaza upande wake kuanzia kichwani. Asipokuwa na cha kula hutakata, yaani huzichukua kete za shimo lake na kuzisambaza moja moja kushoto au kulia, na akiendelea hivyo mpaka kete ya mwisho ianguke katika shimo tupu, hulala na kumpisha mwenzake.

Sasa, kwa kuwa wachezaji wamekaa uso kwa uso, na kulia kwa mmoja ni kushoto kwa mwingine, bao lililopangwa upya halina hata shimo moja lenye kete linalokabiliwa na shimo lenye kete. Anayeanza hana la kula, na nyumba yake haruhusiwi kuichezea maadamu ana mashimo mengine yenye kete, kwa hiyo hubakiwa na mashimo mawili tu, ambayo kila moja laweza kwenda kulia au kushoto. Hizo ni njia 4, ambapo anayeanza sataranji ana njia 20, na mgeni angeweza kudhani kwamba mwanzo wa bao ni mwepesi. Lakini njia hizo zina tabia mbalimbali. Akitakata kulia, kete zake hukimbilia kichwani na kuingia safu ya nyuma, mbali na adui, na mpinzani naye hulazimika kutakata. Akitakata kushoto, nyumba yake hupata kete ya saba, ila kete moja au mbili huangukia mbele ya mashimo ya mpinzani yenye kete, na vita huanza papo hapo, kwani mpinzani amepata la kula. Kwa hiyo tabia ya mchezo wote, wa kuvizia au wa kushambulia, yaweza kuamuliwa kabla kete ya pili haijatoka akibani.

Baada ya hapo hesabu hupanda kwa kasi, maana katika bao hakuna kete inayotolewa nje: iliyoliwa hugeuka kuwa ya mlaji na kurudi kupigana na mwenyewe wa jana, na hatua moja, kwa kula na kuendelea kula, yaweza kubadili karibu ubao mzima. Kete za akiba zikiisha huanza awamu ya mtaji, ambamo wachezaji hutumia zilizomo ubaoni tu. Anayeiacha safu yake ya mbele tupu amefungwa, na akifungwa akiba ikiwa bado haijaisha, ushindi huo huitwa mkononi, aibu ambayo mchezaji mzoefu hukumbushwa kwa muda mrefu.

Mchezo huu haukuwa wa tabaka moja. Mwalimu Nyerere alijulikana kwa kulipenda bao, na Sheikh Abeid Amani Karume, Rais wa kwanza wa Zanzibar baada ya Mapinduzi ya 1964, alipigwa risasi na kufariki tarehe 7 Aprili 1972 katika makao makuu ya Afro-Shirazi Party, Kisiwandui, alikokuwa, kama inavyosimuliwa, akicheza bao na wenzake. Kwamba kiongozi wa nchi alikaa kibarazani mbele ya bao kama mzee yeyote wa Ng'ambo ni ushahidi wa heshima ya mchezo huu Unguja, na inasikitisha kwamba wengi hulikumbuka bao katika kisa hicho kama pambo tu la msiba.

Aliyelishughulikia bao kwa uzito wa kitaaluma ni Mholanzi Alexander de Voogt, aliyekaa na mabingwa wa Zanzibar katika miaka ya 1990 na kutoa mwaka 1995, huko Leiden, utafiti juu ya ubingwa wa bao na mipaka ya akili ya binadamu. Swali lake lilikuwa zito. Mchezaji wa sataranji huyakumbuka maumbo ya ubao, lakini bingwa wa bao hulazimika kuufuata kichwani mfululizo wa mabadiliko, shimo baada ya shimo, kabla hajainua mkono, na mabingwa wa Unguja walimwonyesha kwamba hilo linawezekana kwa kiwango ambacho vitabu vya saikolojia, vilivyojengwa juu ya sataranji, havikukitarajia. Huo ni ushahidi mkubwa kwa mji uliozoea kusifiwa kwa milango na karafuu zake.

Kazi iliyobaki ni ya wenyeji. Mashimo yakipewa nambari 1 hadi 8 kwa kila safu, na kila hatua ikaandikwa kwa nambari ya shimo na upande wa kusambazia, mchezo mzima hutosha katika karatasi moja ya daftari, na kijana wa skuli anaweza kuuandika akiwa amekaa ubavuni mwa wazee. Yanayohitaji kuandikwa kwanza ni yale ambayo sheria za mchezo hazisemi: kati ya zile njia 4 bingwa huchagua ipi akikutana na mpinzani mwenye pupa, huilinda nyumba yake mpaka lini, na huona nini ubaoni pale anapoamua kuivunja na kuzisafirisha kete zake zote kwa mkupuo mmoja. Majibu ya maswali hayo yapo leo Mwanakwerekwe, Kikwajuni na Kisiwandui, kwa watu wenye umri mkubwa, ambao wangeyatoa kwa furaha kama mtu angekuja na kalamu.